Daftari la Mjomba na Swali la Gemu Inayopendwa Zaidi

Kwa miaka minne mfululizo, kila shule ilipofungwa, kazi yangu ilikuwa kuketi nyuma ya meza ndogo katika kibanda cha gemu cha mjomba wangu pale Ngamiani, Tanga, nikiwa na kalamu ya bluu na kaunta buku lenye jalada gumu. Katika kila mstari niliandika jina la gemu, saa iliyoanza na fedha iliyolipwa. Mjomba alinikabidhi kazi hiyo kwa sababu nilikuwa hodari wa kujumlisha, na pia kwa sababu nilikuwa binti, hivyo hakuhofia kwamba ningeiacha meza nikagombee pedi za kuchezea gemu na wavulana. Mwaka jana, tulipokuwa tukihamisha vitu vya marehemu bibi, nilikuta madaftari mawili kati ya yale, kurasa zake zimeshikana kwa unyevu wa pwani lakini mwandiko wangu wa utotoni ungali unasomeka. Nimeyasoma yote mawili tangu ukurasa wa kwanza hadi wa mwisho, kwa kuwa kuna swali ambalo husikika kila wapenzi wa gemu wanapokutana, nalo hujibiwa kwa haraka mno: ni aina gani ya gemu inayopendwa kuliko nyingine zote?

Nikijibu kwa daftari la mjomba, jibu ni fupi. Ni mpira. Ukurasa baada ya ukurasa neno ni hilo hilo, hata ikafika mahali nikachoka kuliandika nikawa naweka duara tu, na kila baada ya mistari kadhaa panatokea Tekken, au Mortal Kombat, au San Andreas, au neno moja tu, "magari". Mtu asiyekifahamu kibanda kile angeweza kulichukua daftari hilo akaandika kwamba vijana wa Tanga wa miaka ile walipenda mpira, walipenda ngumi kidogo, na mengine hawakuwa na habari nayo. Mimi nilikuwepo, nami najua kwamba mistari ile ilihesabu fedha zilizopita mezani. Mapenzi ya watu kwa gemu ni jambo jingine, na ili kuyaona inabidi kwanza kueleza jinsi kibanda chenyewe kilivyofanya kazi.

Kibanda kilikuwa na runinga tatu na mashine tatu, mwanzoni PlayStation ya kwanza na baadaye PlayStation 2, ile iliyotoka Japani mwaka 2000 na kuuzwa zaidi ya milioni 155 duniani. Kila runinga ilikuwa na pedi mbili na benchi moja. Malipo yalikuwa kwa mechi, na sheria ilikuwa moja tu, nayo haikuandikwa popote: anayefungwa analipa na kuinuka, anayeshinda anabaki. Mechi ya mpira ilipangwa iwe fupi, hivyo ukijumlisha na marudio ya magoli, ambayo mfungaji hakukubali kamwe yarukwe, ilimalizika kabla mtu wa tatu kwenye benchi hajakata tamaa. Aliyekuwa akisubiri hakuhitaji kufundishwa chochote, kwa sababu sheria za mpira alizijua tangu uwanjani kwenye vumbi. Hakukuwa na maelezo ya kusoma wala hadithi ya kufuata, na hapakuwa na haja ya kukumbuka jana uliishia wapi. Zaidi ya hayo, waliosimama nyuma nao walikuwa ndani ya mchezo. Walishauri, walilalamika, walimwonya beki asiyewasikia. Mtu aliyewahi kusimama barazani bao likichezwa ataielewa hali hiyo, kwani wawili ndio walioinamia mbao, lakini kumi wengine wanahesabu kete kwa macho na kila mmoja ana maoni kuhusu shimo linalofuata.

Gemu yenyewe ya mpira ilikuwa ya kampuni ya Kijapani ya Konami, ile iliyojulikana kwa majina mawili, Winning Eleven na Pro Evolution Soccer. Toleo la mwaka 2006, la sita, ndilo lililokaa kibandani muda mrefu kuliko yote, na hakuna aliyepita pale akasahau mguu wa kushoto wa Adriano, mshambuliaji wa Inter ya Italia, ambaye watengenezaji walimpa nguvu ya shuti kiasi kwamba kumchagua kulihesabiwa kuwa nusu ya ushindi. Mjomba aliwahi kujaribu kupiga marufuku Inter kibandani kwake. Wateja walihamia kibanda cha mtaa wa pili, na baada ya siku mbili marufuku ikafutwa.

Sasa chukua Tekken 3, gemu ya ngumi iliyofika kwenye PlayStation mwaka 1998. Katika daftari ina mistari michache sana, nami nakumbuka wazi kwamba watoto wa darasa la tatu na la nne waliipenda kwa moyo wote. Kilichowazuia ni hesabu ya fedha. Pambano la Tekken huisha kwa dakika mbili au tatu, na kwa sheria ya anayefungwa analipa, mtoto mwenye sarafu moja alikuwa anainuliwa kwenye benchi kabla hata hajakaa vizuri. Mjomba naye hakuipenda kwa sababu zake. Kulikuwa na mhusika aitwaye Eddy Gordo, Mbrazili anayepigana kwa mtindo wa kapoera, ambaye mchezaji asiyejua lolote aliweza kumtumia kwa kubonyeza vitufe vya mateke ovyo ovyo na bado akashinda. Kila Eddy alipochaguliwa, mjomba aliinua macho akitazama pedi zake kama mtu anayetazama jirani akikiendesha chombo chake barabarani kwenye mashimo. Hatimaye aliruhusu ngumi kwenye runinga moja tu, ile ya pembeni, na asubuhi peke yake. Kwa hiyo uchache wa mistari ya Tekken katika daftari langu ulitokana na bei, na urefu wa pambano, na uimara wa vitufe, kuliko ladha ya watoto.

Grand Theft Auto: San Andreas, iliyotoka mwaka 2004, ilikuwa na hali ya kinyume kabisa. Hiyo ilichezwa na mtu mmoja, nayo ilitozwa kwa nusu saa, na aliyetaka kuifuata hadithi yake ilimbidi awe na memori kadi yake mwenyewe ya kuhifadhia alipoishia, kitu ambacho vijana wachache walikuwa nacho na walikivaa shingoni kwa kamba kama funguo. Ukihesabu mistari, San Andreas ni gemu ya watu wachache. Lakini kila ilipowashwa, benchi zote tatu zilihamia upande ule, na waliokuwa wakisubiri mpira walisahau zamu zao. Walikuwa wanatazama mji mzima ambao mtu anaweza kutembea popote, kuingia dukani, kupanda baiskeli, kufukuzwa na polisi, kunenepa kwa kula ovyo na kukonda kwa mazoezi. Leo mamilioni ya watu hutazama wengine wakicheza kwenye YouTube na Twitch na kuna wanaoishi kwa kazi hiyo, nasi tulikuwa tukiifanya kwenye benchi la mninga bila jina lolote. Safu ya kuwahesabu watazamaji haikuwemo katika daftari.

Gemu za kuigiza wahusika ndizo zilizoambulia karibu sifuri. Mjomba aliwahi kuletewa furushi la diski kutoka Dar es Salaam, na ndani yake mlikuwamo Final Fantasy VII, gemu ya Kijapani ya mwaka 1997 ambayo imeuzwa zaidi ya nakala milioni 10 na inayotajwa na watu wengi kuwa miongoni mwa kazi kubwa kabisa za fani hii. Diski zilikuwa tatu. Kijana mmoja alijaribu, akasoma mazungumzo ya Kiingereza kwa nusu saa ya malipo, nusu saa ikaisha akiwa bado hajatoka sehemu ya mwanzo, naye hakuirudia tena. Gemu inayodai saa arobaini na usomaji mwingi haina nafasi mahali ambapo kila dakika inalipiwa na kila anayesubiri anakutazama kisogoni. Nyumbani kwa kijana wa Osaka mwenye mashine yake chumbani, saa arobaini hizo hizo ndizo thamani ya fedha aliyolipa.

Hapo ndipo nilipoanza kuamini kwamba mahali gemu inapochezwa huchagua aina ya gemu kabla mchezaji hajachagua. Mfano ulionishawishi kuliko yote hautoki kwetu, unatoka Korea Kusini. Huko nako kulikuwa na vibanda vya kulipia, vinavyoitwa PC bang, ambavyo viliongezeka kwa kasi kubwa baada ya msukosuko wa fedha wa mwaka 1997, wakati watu wengi walipopoteza ajira, wengine wakatafuta biashara ya kuanzisha, na serikali ikawekeza kwa nguvu katika intaneti ya kasi. Kwa kuwa hao nao walikuwa vijana wasio na mashine nyumbani, wanaolipia muda na kukaa bega kwa bega, mtu angetarajia wacheze walichocheza vijana wa Ngamiani. Haikuwa hivyo. Walichokipenda hadi kikawa kama mchezo wa taifa ni StarCraft, gemu ya mikakati ya vita iliyotolewa na kampuni ya Kimarekani ya Blizzard mwaka 1998, ambayo huchezwa kwa kuamrisha majeshi kwa kasi, huku ukichimba rasilimali, ukijenga kambi na kumpeleleza adui. Karibu nusu ya nakala zilizouzwa duniani zilinunuliwa katika nchi hiyo moja, na mapambano yake yakaonyeshwa kwenye chaneli za televisheni zilizoanzishwa kwa ajili hiyo.

Tofauti ilikuwa kwenye vifaa. Katika PC bang kila mteja alikuwa na kompyuta yake, skrini yake, kibodi na kipanya, na kompyuta zote ziliunganishwa kwa mtandao. Gemu ya mikakati haiwezekani kwenye runinga moja, kwa sababu adui yako akiiona kambi yako mchezo umekwisha, tena haichezeki vizuri kwa pedi, kwa sababu inadai kuchagua askari mmoja mmoja na kuwapeleka mahali hasa. Vilevile mashine za gemu za Kijapani hazikuwa zimeenea kule, kwani bidhaa za utamaduni kutoka Japani ziliwekewa vikwazo ambavyo vilianza kulegezwa mwaka huo huo wa 1998, na PlayStation 2 yenyewe ilifika rasmi mwaka 2002. Kwetu hali ilikuwa kinyume chake: runinga moja, pedi mbili, mashine ya Kijapani iliyokwishatumika, na malipo kwa mechi wakati wao walilipa kwa saa. Wao walipata mikakati, sisi tukapata mpira. Sitaki kusema kwamba Mtanzania hapendi mpira, maana ningekuwa nasema uongo mchana kweupe, ila nasema kwamba upendo huo ulikuta mlango umeshafunguliwa, wakati upendo wa mikakati, ambao babu zetu waliuonyesha kwenye bao kwa vizazi na vizazi, haukukuta hata dirisha.

Jambo la pili ambalo daftari limenifundisha ni kwamba takwimu kubwa za dunia hazikutuona. Orodha za gemu maarufu mara nyingi hupangwa kwa nakala zilizouzwa, na kibanda cha mjomba kilikuwa na diski moja ya mpira kwa kila mashine, diski ya kunakili, iliyonunuliwa kwa bei ndogo kwa muuzaji wa barabarani. Kwenye hesabu ya kampuni, vijana wote waliopita kwenye mistari yangu kwa miaka minne ni sifuri. Ukizidisha hali hiyo kwa vibanda vya Mombasa, Kampala, Bujumbura na Lubumbashi, utaona kwamba ukanda mzima ulicheza bila kuandikwa. Ndiyo maana huwa sipendi kusikia mtu akisoma orodha ya mauzo kisha akasema hivi ndivyo dunia inavyopenda.

Hata hivyo, orodha hizo zina mafunzo yake zikisomwa kwa uangalifu, na jambo la kwanza zinaloonyesha ni kwamba kila kipimo humvika taji mtu mwingine. Ukihesabu nakala, Minecraft iliyotoka Sweden ilitangazwa mwaka 2023 kuwa imepita nakala milioni 300, na nyuma yake Grand Theft Auto V ya mwaka 2013 imepita milioni 200. Kwa hiyo taji ni la gemu za kujenga na za ulimwengu huria. Ukihesabu watu waliomo ndani kwa wakati mmoja kwenye duka la Steam, ambalo ni la wachezaji wa kompyuta, rekodi ni ya gemu ya risasi ya PUBG, ambayo Januari 2018 ilikuwa na watu zaidi ya milioni 3.2 kwa mara moja, na miongoni mwa zinazochezwa sana hapo ipo Counter-Strike, iliyoanza mwaka 1999 kama marekebisho ya mashabiki juu ya gemu ya wengine. Hapo taji linakwenda kwa risasi. Ukihesabu zawadi za mashindano, mwaka 2021 mashindano ya Dota 2 yaitwayo The International yalikuwa na zawadi ya jumla ya dola milioni 40, na taji linakwenda kwa mapambano ya timu za mashujaa watano watano, aina ambayo kibandani hakuna aliyewahi kuisikia. Na ukihesabu fedha, karibu nusu ya mapato yote ya gemu duniani hutoka kwenye simu, ambako wanaotawala ni wengine kabisa.

Mpira wenyewe, ulioshinda katika daftari langu, unahitaji tahadhari ya peke yake. Mfululizo wa kampuni ya Kimarekani ya EA ulioanza mwaka 1993 kwa jina la FIFA, na ambao tangu mwaka 2023 unaitwa EA Sports FC, ulikuwa umefikisha nakala zaidi ya milioni 325 ulipofika mwaka 2021. Ni idadi ya kutisha, lakini gemu hiyo hutolewa upya kila mwaka, na shabiki mwaminifu aliyenunua matoleo kumi anahesabiwa mara kumi, wakati mtoto aliyenunuliwa Minecraft mwaka 2011 na bado anaicheza anahesabiwa mara moja. Isitoshe, tangu mwaka 2009 mfululizo huo una sehemu iitwayo Ultimate Team, ambapo mchezaji hukusanya kadi za wanasoka kwa kufungua pakiti ambazo hajui ndani mna nini, na pakiti hizo zinaweza kununuliwa kwa fedha halisi. Ubelgiji ilizihesabu pakiti hizo kuwa kamari mwaka 2018, na mwanzoni mwa mwaka uliofuata EA ikaacha kuuza sarafu za kuzinunulia huko. Mimi hujiuliza kama anayekaa usiku akifungua pakiti anacheza mpira au anacheza karata. Katika orodha ataandikwa chini ya michezo ya viwanjani, na mapato yake yataongezwa hapo hapo.

Mipaka ya aina zenyewe ndiyo hivyo hivyo, inavuja. San Andreas tungeiweka wapi, kwenye magari, kwenye risasi, au kwenye maigizo? Fortnite, iliyopata umaarufu wake mwaka 2017, ni ya risasi lakini inajulikana kwa kujenga kuta na ngazi katikati ya mapambano. Anayelinganisha aina analazimika kuamua mambo haya kabla ya kuhesabu, na uamuzi wake unaweza kubadilisha mshindi. Kuna pia aina zinazowaka na kuzimika kabla mtu hajamaliza kuzihesabu. Gemu za kupiga magitaa ya plastiki zilizoanza na Guitar Hero mwaka 2005 zilijaza sebule za Marekani, na ilipofika Februari 2011 kampuni iliyokuwa ikiitoa ilivunja kitengo chake. Sisi tulizisikia zikiwa zimekwisha kufa, na sina mengi ya kusema juu yake.

Niseme zaidi kuhusu simu, kwa kuwa hapo ndipo daftari langu lilipoanza kuzeeka hata kabla halijajaa. Wakati nikiandika duara za mpira, mfukoni mwa kila mteja mtu mzima mlikuwa na gemu ambayo sikuwahi kuiandika. Simu ya Nokia 1100, ile yenye tochi iliyotoka mwaka 2003 na kuuzwa zaidi ya milioni 250, ilikuja na nyoka ndani yake. Nyoka yule alianzia kwenye Nokia ya mwaka 1997, nami naamini kwamba watu wazima wa Afrika Mashariki walimcheza kuliko gemu nyingine yoyote ya kidijitali kabla ya simu janja kufika. Wauguzi wa zamu ya usiku walimcheza, na madereva wa daladala wakisubiri abiria kituoni, na walimu wakisimamia mitihani. Hakuna aliyelipa senti moja, hakuna aliyemwita mwenzake mchezaji wa gemu, na hakuna orodha ya nakala zilizouzwa ambamo nyoka huyo ana mstari wake.

Mama yangu ni mfano wa pili, na mfano huu nauthamini kwa sababu umekaa nami nyumba moja. Nilimwuliza jioni moja baada ya futari, "Mama, wewe unapenda gemu gani?" Akanijibu bila kuinua macho, "Mimi sichezi gemu, mwanangu, gemu ni za watoto." Alikuwa na simu mkononi, akipanga pipi za rangi za Candy Crush Saga, na hatua aliyofika ilikuwa imepita elfu moja. Anaziita "pipi zangu". Gemu hiyo ilitoka kwenye simu mwaka 2012, na mwaka 2023 kampuni ya King inayoitengeneza ilitangaza kwamba mapato yake tangu ianze yamepita dola bilioni 20, kiasi ambacho gemu chache sana za risasi zimewahi kukikaribia. Mchezaji hupewa nafasi tano, na kila anapozimaliza hurudishiwa moja kila baada ya nusu saa, utaratibu ambao wengine wanalipa ili kuuruka. Mama halipi. Kwake nusu saa ndiyo muda wa kugeuza wali, kumwagilia bustani, au kuswali na kurudi. Gemu imekaa ndani ya siku yake kama mechi ya mpira ilivyokaa ndani ya sheria ya anayefungwa analipa. Na kama kesho mtu angemsimamisha akamhoji juu ya gemu anazozipenda, angesema kwa dhati kabisa kwamba hachezi, na gemu za mafumbo zingepoteza kura moja ya mtu anayezicheza kila siku ya Mungu.

Naliona hili kuwa kosa kubwa kuliko yote katika ulinganishaji wa aina za gemu. Wanawake na watu wazima wanacheza, lakini aina wanazozicheza zimepewa hadhi ya kupitisha muda, hivyo wao wenyewe hawajihesabu na wanaohesabu hawawaulizi. Nami nilikuwa sehemu ya kosa hilo tangu utotoni. Kwa miaka minne niliandika walichocheza wavulana, na mjomba alipofunga mlango jioni ili kuhesabu mauzo, alinipa pedi dakika kumi na tano za bure, nami nikacheza gemu moja ya mafumbo ya vigae vinavyoshuka, ya ukoo wa Tetris ambayo Mrusi Alexey Pajitnov aliibuni Moscow mwaka 1984. Niliipenda kuliko chochote kilichokuwamo mle kibandani. Nimepekua madaftari yote mawili na haimo hata mara moja, kwa sababu sikuilipia.

Mtoto wa kaka yangu, mwenye miaka kumi na mitano, hachezi mpira kibandani wala pipi. Anacheza Free Fire, gemu ya kubaki hai iliyotolewa mwaka 2017 na Garena ya Singapore, ambayo mwaka 2021 ilifikia wachezaji zaidi ya milioni 150 kwa siku moja. Nilimwuliza kwa nini asicheze PUBG, ambayo mchoro wake ni mzuri zaidi. Alinieleza kwa subira, kama mtu anayemweleza mgeni njia. "Shangazi, simu yangu haiibebi. Halafu ile ni watu mia na inachukua nusu saa, bando linaisha. Hii ni watu hamsini, dakika kumi nimeshakufa au nimeshashinda." Katika maneno hayo machache alikuwa ametaja kumbukumbu ya simu, bei ya intaneti na urefu wa mchezo, na hakuwa ametaja ladha hata mara moja. Mjomba angemwelewa mara moja.

Mwezi uliopita nilikwenda Tanga na kupita kibandani kumsalimia. "Shikamoo mjomba." "Marahaba, mwanangu, umekuja kuniandikia?" Runinga sasa ni bapa, mashine ni PlayStation 4, na malipo mengine huingia kwa simu. Kwenye skrini zote tatu ulikuwa mpira. Kwenye benchi walikuwa vijana saba wakisubiri zamu, na nilipoinama kuwatazama nikaona watano wameinamia simu zao: wawili walikuwa kisiwani kwenye Free Fire, mmoja akipiga eFootball, mpira wa kwenye simu, dhidi ya mtu asiyemjua, mmoja akimkimbiza yule mtoto wa Subway Surfers juu ya mabehewa, na wa mwisho, kijana mwenye ndevu zilizoanza kuota, akipanga pipi. Kijana wa pili kwenye skrini ya kati alifungwa goli la tatu, akatoa fedha na kuinuka. Mwenye pipi akaizima simu, akaitia mfukoni na kwenda kushika pedi, na msichana aliyekaa nyuma ya meza akaandika mstari mmoja: mpira.